Jina Tuliloliruka

Harufu ya maganda ya kahawa yakioza ndiyo harufu ya utoto wangu, na sijawahi kuipenda. Watu wa mjini wakisikia kahawa hufikiria kile kikombe chenye povu wanachouziwa hotelini. Sisi tuliokulia juu ya Gakindu, huko Mukurweini, kahawa ilikuwa uchachu mkali uliopanda kutoka kiwandani kando ya mto, mahali mashine ilipomenya matunda na kusukuma maganda shimoni, yakalala huko yakivimba wiki baada ya wiki. Harufu hiyo iliingia nyumbani, ikakaa kwenye blanketi, ikakaa kwenye nywele, hata uji wa asubuhi ulikuwa na ladha yake. Ilianza na mvua za mwisho wa mwaka na ikatuachilia karibu na Krismasi. Mpaka leo nikipita karibu na kiwanda chochote wakati wa mavuno, iwe upande wa Murang'a ninakoishi au upande wa Kerugoya, hunibidi nifunge dirisha. Walio karibu nami hudhani nimeshikwa na baridi, nami huwaacha wadhani hivyo, kwa sababu maelezo yake ni marefu na mimi si mtu wa kupenda kueleza.

Maelezo yenyewe ni haya. Msimu mmoja wa mavuno, nikiwa na miaka tisa, Baba Mkubwa Theuri alijiua. Nimeandika neno hilo, nikainuka nikaenda kuchemsha chai, nikarudi nikalikuta bado lipo pale pale. Kwetu halikutamkwa. Watu walisema "yale mambo", au "ile Jumatatu", au walikohoa tu na kuangalia kando, na sisi watoto tukajifunza kukohoa vile vile. Sasa nina miaka arobaini na mbili na nimechoka kuzunguka neno moja maisha yangu yote. Nataka kulisema, na nimseme mwenyewe kwa jina lake, kwa sababu jina lake ndilo walilotaka hasa kulizika.

Kwetu mtoto hatafutiwi jina. Jina humngoja kabla hajazaliwa. Mvulana wa kwanza huitwa kwa babu mzaa baba, wa pili kwa babu mzaa mama, wa tatu kwa ndugu mkubwa wa baba, na foleni inaendelea hivyo. Wasichana nao huenda hivyo hivyo kwa upande wa nyanya. Tena si kuitwa tu. Anayepewa jina la mtu ni kama mtu huyo amekuja tena kukaa nyumbani, na huheshimiwa kwa heshima ya mwenyewe. Mimi ndimi msichana wa kwanza, kwa hiyo nilipewa jina la mama yake Baba, ambaye tulimwita Cucu kama kila mtu kwetu anavyomwita nyanya yake. Yeye alikuwa Nyawira, nami ni Nyawira. Ndiyo maana Baba, mzee wa kanisa, mtu ambaye sauti yake pekee ilitosha kufanya redio izimwe, aliniita mimi Mama. Alisema, "Mama, niletee maji," na hakuna aliyecheka. Ndugu yake mkubwa, Theuri, naye aliniita Mama, ila yeye alilifanya jambo hilo kuwa mchezo wetu wawili.

Baba Mkubwa Theuri hakuwa na mke wala mtoto. Alikaa katika chumba cha mbao nyuma ya jiko la Cucu, na kazi yake ilikuwa kupogoa miti ya kahawa. Hakuna aliyemshinda. Alikuwa na msumeno mdogo uliopinda na makasi ambayo hakumruhusu mtu kuyashika, na akifika kwenye mti aliuzunguka mara mbili kwanza bila kugusa chochote, akiinama, akichungulia, akipiga mluzi. Kisha alikata matawi matatu au manne, akaenda kwa mti mwingine. Wengine walikata mpaka mti ukabaki uchi. Yeye aliukata ukabaki umepata hewa. Jioni akirudi alisimama mlangoni kwetu, akavua kofia, akaniuliza kwa sauti ya mtoto mdogo, "Mama, leo umenipikia nini?" Nami niliweka mikono kiunoni nikamfokea vile Cucu alivyofokea watu: "Unatoka wapi saa hii na hizo miguu chafu? Hapa hakuna chakula ya wazururaji." Alijifanya kulia, akaniomba msamaha, nikamsamehe, akaingia akala. Mama yangu alisema tunacheza kama wajinga. Hata hivyo alimwekea sahani yake kila siku.

Mwaka ule akaanza kupungua. Sina neno jingine. Alipunguza mluzi kwanza, halafu akapunguza maneno, halafu akaacha kuja kula. Wenye mashamba walimtuma mtu wa kumwita, akasema atakuja kesho, na kesho yake akasema hivyo tena, mpaka wakatafuta mpogoaji mwingine. Alilala mchana, mlango umefungwa. Kila mtu alikuwa na jina lake la jambo hilo. Mama alisema ni uvivu wa mwanamume asiye na mke. Majirani walisema kuna mkono wa mtu. Baba alileta wazee wenzake wa kanisa, wakamweka Baba Mkubwa katikati ya chumba wakamwombea kwa saa nzima, wakamwambia atoe kile anachoficha moyoni, atubu. Nilikuwa nimesimama dirishani na nilimwona alivyokaa, mikono magotini, macho chini, akingoja wamalize. Alisema amina pamoja nao. Katika watu wote hao hakuna hata mmoja aliyemwuliza anajisikiaje.

Alhamisi moja nilitoka shule nikapita shambani kwenda kumsaidia Mama kuchuma. Nilimkuta Baba Mkubwa ameketi juu ya debe lililopinduliwa katikati ya miti, kahawa mbivu imemzunguka pande zote, naye hachumi. Nilifurahi kumwona nje. Nilidhani mchezo umerudi, kwa sababu alivua kofia aliponiona. "Mama," akaniambia, "nimechoka." Alilisema polepole na kwa sauti yake mwenyewe, si ile ya mtoto, na ningekuwa mkubwa ningeisikia tofauti hiyo. Lakini nilikuwa na miaka tisa na nilikuwa nimeukosa mchezo wangu. Niliweka mikono kiunoni nikamwambia, "Umechoka na hujafanya kazi tangu asubuhi? Mvivu wewe. Enda ukalale." Alicheka kidogo, cheko la mtoto aliyeambiwa na mama yake. Akavaa kofia, akainuka, akaenda kulala kama nilivyomwambia.

Alijiua Jumatatu iliyofuata, sisi tukiwa shuleni. Sitasema alifanyaje, hilo ndilo swali la kwanza la watu na ndilo lisilomsaidia yeyote. Niliporudi nilikuta wanaume wamesimama uani makundi makundi, wakizungumza chini chini, na Mama akanishika mkono akanipeleka kwa jirani bila kusema kitu. Ni watoto wa jirani walioniambia. Niliwaambia ni waongo. Halafu nikakumbuka Alhamisi, nikanyamaza, na nikakaa kimya kuhusu Alhamisi hiyo kwa zaidi ya miaka ishirini. Najua nilikuwa mtoto. Nimeambiwa hivyo na watu waliosomea mambo haya, nami nakubali nikiwa mbele yao. Nikirudi nyumbani nakuwa tena yule aliyeitwa Mama, na mwanangu alikuja kuniambia amechoka, nikamtukana.

Mtu akifa kwetu, nyumba hujaa. Watu huja kila jioni kwa wiki nzima, wanawake wa kanisa huja na vitambaa vyao vya kichwani na masufuria makubwa, nyimbo huimbwa mpaka sauti zikakauka, na siku ya mazishi wasifu wa marehemu husomwa hata kama hakuna la kusoma. Baba Mkubwa alizikwa Jumatano asubuhi, siku mbili tu baadaye, na haukuimbwa hata ubeti mmoja. Mchungaji alituma ujumbe kwamba yuko safarini. Wanaume wa ukoo walipomleta, hawakumpitisha langoni. Boma letu lilizungukwa na ua wa kaiyaba, ule mti wa miiba mirefu na matunda ya manjano machachu, nao walichukua mapanga wakakata ua huo upande wa chini, kwenye kahawa, wakafungua pengo la kutosha jeneza. Walimwingiza kupitia hapo, wakamzika pale pale ukingoni, na kabla ya chakula cha mchana walikuwa wameliziba pengo kwa matawi ya miiba. Walikwenda kunawa mtoni. Hakuna aliyeingia ndani kunywa chai. Cucu, aliyemzaa, aliambiwa abaki jikoni, akabaki. Nilikaa naye. Hakulia kwa sauti, maana hilo pia lilikuwa limekatazwa, na mikono yake haikuacha kuchambua maharagwe ambayo yalikuwa yamekwisha kuchambuliwa.

Siku ya tatu walibomoa chumba chake wakachoma mbao pamoja na nguo na godoro, na moshi huo ukachanganyika na ile harufu ya maganda. Walifikiri wamechoma vyote. Cucu alikuwa ameficha sweta moja ndani ya pipa la mahindi, sweta la kijani lililotoboka viwiko. Wiki zilizofuata nilimwona akilifumua uzi kwa uzi, akiusuuza, akiuanika nyuma ya jiko mahali pasipoonekana kutoka njiani, kisha akaanza kuufuma upya. Nilimwuliza anafuma nini. Alinionyesha kwa vidole viwili: sweta dogo sana. Nikaelewa. Mama yangu alikuwa mjamzito, miezi imeenda, na sisi tulikuwa na wavulana wawili tayari, Mwangi wa babu mzaa baba na Kimani wa babu mzaa mama. Kama angezaliwa mvulana, foleni ilikuwa imefika kwa ndugu mkubwa wa Baba. Angekuwa Theuri. Cucu hakuzika mtu siku ile ya Jumatano. Alikuwa anamngoja arudi.

Lakini Baba alikuwa ameamua vingine. Niliwasikia yeye na Mama wakizungumza sebuleni alasiri moja, mimi nikiwa upande wa pili wa ukuta wa mbao. Mama alisema, "Na mama yako nitamwambia nini?" Baba akajibu kwamba amwambie kuwa Mungu ametupatia Gichuki. Gichuki alikuwa ndugu mdogo wa Baba aliyehamia Kerugoya, mtu mnene mwenye duka na afya, ambaye zamu yake haikuwa imefika. Mama akasema hajawahi kuona mtu akirukwa. Baba akasema maneno ambayo sijayasahau: "Nikimwita mtoto hilo jina, nitakuwa nimemwita na yale mambo." Sauti yake ilikuwa ya mtu anayeogopa, nami sikuwa nimewahi kumsikia Baba akiogopa. Kwa miaka mingi nilimchukia kwa uamuzi ule, nikidhani ni aibu ya mzee wa kanisa. Siku hizi nadhani hofu ilikuwa nyingi kuliko aibu, ila zote mbili zilivaa koti moja na hungeweza kuzitenganisha.

Mtoto alizaliwa Januari, vumbi likiwa limerudi na harufu imekwisha, na alikuwa mvulana. Wanawake walikuja kumwona na kuni mgongoni, na uji, na njahi, yaani maharagwe meusi yaliyopondwa na ndizi, kwa sababu mama aliyejifungua kwetu halishwi kitu kingine akapona. Walipiga vigelegele vitano langoni, ndiyo hesabu ya mvulana. Wakaingia, wakajaa kila mahali, na Cucu aliketi kwenye kigoda karibu kabisa na kitanda, kiondo mapajani, ncha ya uzi wa kijani ikichungulia. Kila mwanamke mle ndani alikuwa amewahi kumwona Baba Mkubwa na sweta lile. Waliuona uzi, wakaangalia pengine. Kisha mkubwa wao akauliza lile swali linaloulizwa daima: "Haya, tuambie, ni nani huyu ametujia?"

Kila mtu alijua foleni. Mama alimwangalia mtoto, akamwangalia Cucu, nami niliona midomo yake ikianza kufanya kitu, na hata leo naamini kama mtu mmoja tu angemshika mkono angesema lingine. Nilikuwa nimesimama mlangoni. Nilikuwa na jina la Cucu, aliyemzaa Theuri, nilikuwa na haki ya kusema, na nilijua jibu. Sikusema. "Ni Gichuki," Mama akasema. Mwanamke mmoja akaitikia haraka haraka kwamba Gichuki ni mtu mzuri, ana mkono wazi, wengine wakaokoka hapo hapo wakaanza kumsifu Gichuki wa Kerugoya kama mgombea wa ubunge. Cucu alisukuma uzi ndani ya kiondo kwa kidole. Alikula njahi zake zote, akashukuru, akainuka akaenda kwake.

Hakulalamika hata mara moja. Ila alikuwa akimwomba Mama mtoto alasiri, akamchukua jikoni kwake, na huko alimvalisha lile sweta la kijani, akamlaza mapajani na kuzungumza naye mambo ya kawaida, mvua, ng'ombe, nani amepita njiani. Kabla ya kumrudisha alimvua. Alifanya hivyo mpaka sweta likakataa kupita kichwani. Hakumwita Gichuki hata siku moja. Alimwita "mtoto" mpaka alipokuwa kijana wa sekondari mwenye sauti nzito. Alipokufa yeye mwenyewe, kwa uzee, tulimfanyia mazishi makubwa yenye mahema mawili na vipaza sauti, na wasifu wake ukachapishwa kwenye karatasi nzuri yenye picha ya rangi. Ulisema alijaliwa watoto watano. Aliwazaa sita. Nilikuwa nimeketi mstari wa mbele na karatasi ile mikononi, mtu mzima mwenye watoto wangu, na kwa mara ya tatu sikusema.

Leo watu wanaongea. Nasema hivyo kwa haki, nisije nikaonekana mtu wa kulalamika tu. Kwenye kundi letu la familia la WhatsApp haipiti wiki moja kabla mtu hajatuma ujumbe kuhusu afya ya akili, wenye maua na jua linalochomoza, na kila mtu anaweka mikono ya kuomba. Kanisa la nyumbani liliwahi kumwita mshauri akazungumza na vijana Jumapili nzima, akasema wazi kwamba huzuni ya namna hii ni ugonjwa na ina matibabu. Alipoondoka nilisikia mzee mmoja akisema vijana wa sasa ni laini, ati sisi tulikuwa na shida na hatukuwa na washauri. Nilitaka kumwuliza amesahau ua ulikatwa wapi. Na kila ninapohudhuria mazishi ya kijana, iwe Nyeri, iwe Murang'a, nasikia "alituacha ghafla" au "aliugua kwa muda mfupi", na naona mama mtu ameketi mikono ikichambua kitu kisichokuwepo. Tumebadilisha maneno tunayotumiana kwa simu. Tukifika kaburini tunarudi kwa yale ya zamani. Inachosha.

Mwaka jana Gichuki, huyo ndugu yangu mdogo, alinipigia simu siku ya Jumatano alasiri. Yeye anaishi mjini Nyeri, ameajiriwa katika duka la vifaa vya ujenzi, na si mtu wa kupiga simu. Mimi nashona sare za shule, nilikuwa na sketi kumi na mbili mbele yangu, nikamweka sikioni huku nikiendelea kukanyaga cherehani. Aliuliza hali ya Baba. Aliuliza hali ya watoto. Kisha akasema, "Nyawira, mimi nimechoka tu." Mguu wangu ulisimama wenyewe. Aliyekuwa akizungumza alikuwa mtu wa miaka thelathini na mbili, lakini mimi nilinusa maganda ya kahawa, hapo hapo dukani kwangu, kiangazi. Nikamwuliza, "Umechoka na kazi, ama umechoka kuishi?" Sikupamba swali. "Zote mbili," akasema. Nikamwuliza kama anafikiria kujiua. Akasema ndiyo, na alilisema kama mtu anayetua mzigo, bila aibu, kwa sababu kuna aliyeuliza. Nikamwambia asikate simu na asikae peke yake, aende akakae na mwenzake wa dukani, mimi ninakuja. Niliziacha sketi mezani. Jioni hiyo hiyo nilikuwa kwake, nikakaa naye siku tatu, tukila na kulala na kunyamaza pamoja.

Siku ya nne tulikwenda kliniki, hapo mjini. Tulipoweka miadi kwa simu walikuwa wameomba mtu wa familia anayejua historia, na Baba akaja kutoka nyumbani akiwa na koti lake la kanisani na kofia mkononi. Ana zaidi ya miaka themanini. Tuliketi watatu mbele ya daktari, mwanamke mdogo kuliko mimi, mpole, aliyekuwa akiandika kwa mkono. Alituuliza mambo mengi ya kawaida, kisha akauliza bila kubadilisha sauti, "Katika familia, kuna mtu aliyewahi kujiua?"

Nilikuwa nimejiapia njiani kwamba mara hii nitasema. Lakini nilitaka kumpa Baba nafasi kwanza, na nikahesabu pumzi zake. "Hapana," Baba akasema. Daktari akaandika. Nikafungua mdomo, na kabla sijatoa sauti mkono wa Baba ulinyanyuka, ukakaa juu ya karatasi ya daktari kama wa mtu anayezuia mtoto asivuke barabara. "Ngoja," akasema. "Futa hiyo. Andika ndugu yangu mkubwa. Anaitwa Theuri."

Gichuki aligeuka. Alijua kulikuwa na baba mkubwa aliyekufa zamani, kwa ugonjwa, ndivyo alivyoambiwa. "Theuri?" akauliza. "Huyo ndiye nani?"

"Ni jina lako," Baba akamwambia. "Lilikuwa lako nami nikakunyima. Nilidhani nikikunyima, haya nayo yatakupita." Machozi yalikuwa yakimtiririka na hakuyafuta, pengine hakujua yapo. Nami nililia, sioni haya kusema, nililia kwa ajili ya Cucu aliyengoja neno lile mpaka akafa.

Hatimaye Gichuki akauliza lile swali ambalo katika miaka yote hiyo hakuna aliyewahi kuuliza nyumbani kwetu. Akasema, "Alikuwa mtu wa aina gani?" Na Baba akaanza. Alisema alikuwa mpogoaji, hakuna kama yeye huko kwetu. Alisema alikuwa akiuzunguka mti mara mbili kabla ya kuukata, na ndiye aliyemfundisha yeye kushika makasi, na alikuwa na mluzi ambao mbwa wote waliujua. Alisema alikuwa akimwita Nyawira Mama, akivua kofia. Nje kulikuwa na foleni ndefu ya watu wanaongoja. Daktari aliweka kalamu chini akamwacha azungumze.

Tulipotoka, Baba alikwenda kuchukua dawa dirishani, maana alikataa mtu mwingine aende. Gichuki alisimama katikati ya ukumbi, mabega yameanguka. Hakuwa amepona, hata leo bado anatibiwa, kuna wiki nzuri na kuna wiki mbaya. "Nimechoka, Nyawira," akasema.

Nilisogea kwenye benchi. "Najua," nikamwambia. "Njoo ukae hapa."